Elektroni Haisubiri Jicho Lako

Kuna video inayozunguka kwenye simu za watu, na usipotumiwa wiki hii utatumiwa wiki ijayo. Sauti ni nzito, nyota zinapita nyuma yake, na ujumbe ni mmoja: sayansi imethibitisha kwamba vitu havipo mpaka vitazamwe. Kila jambo ni uwezekano unaoelea tu, na fahamu yako ndiyo inayochagua upi ugeuke kuwa kweli. Waza mali, itakuja. Waza maradhi, nayo yatakuja. Ukiuliza ushahidi, unaambiwa ni fizikia ya kwanta, ile inayochunguza vitu vidogo kabisa.

Shangazi yangu alitumiwa video hiyo na mtu anayempenda. Wakati huo alikuwa na uvimbe mdogo shingoni na karatasi ya daktari iliyomtaka aende kupimwa. Karatasi ile akaitia ndani ya droo. Nilipomuuliza mbona siku zinapita, akaniambia: "Mwanangu, si wanasema jambo linakuwa kweli likishapimwa? Basi nisipopima je?"

Nilikosa jibu la haraka, kwa sababu sentensi aliyoishika ina ukweli ndani yake. Kuna vitu ambavyo, kadiri tunavyoweza kujua, havina jibu moja kabla ya kupimwa. Uvimbe wa shingoni haumo kati yake. Kueleza kwa nini haumo kunahitaji muda, na ndiyo kazi ya makala hii.

Tuanze na maneno, maana mkorogo unaanzia huko. Mtaani mtu akisema "hiyo ni nadharia tu" ana maana kwamba ni maneno matupu. Kwenye sayansi, nadharia ni maelezo yaliyopimwa mara nyingi yakasimama. Wazo ambalo bado linasubiri kupimwa huitwa nadharia tete. Fahamu ni ile hali ya kujijua na kuhisi, ile inayomtoka mtu akizirai. Uhalisia ni mambo yalivyo, uyajue usiyajue. Uwezekano ni namba kati ya 0 na 1 inayosema jambo lina nafasi gani ya kutokea: 0 halitokei kabisa, 1 halina budi kutokea.

Halafu kuna kupima. Hili ndilo neno lililomkwaza shangazi. Kwa Kiswahili tunapima urefu, tunapima damu, tunapima hata maneno kabla hayajatutoka, na kila mara tunamwona mtu anayepima. Lakini mwanafizikia akisema elektroni, ile chembe ndogo mno iliyomo ndani ya atomu, imepimwa, huenda hapakuwa na mtu chumbani.

Sarafu chini ya kiganja

Rusha sarafu, idake mezani kwa kiganja, na usiinue mkono kwanza. Uwezekano kwamba kichwa kiko juu ni 0.5. Je, hiyo nusu iko wapi? Haiko kwenye sarafu. Sarafu imeshalala na upande mmoja tayari uko juu. Nusu iko kwako wewe usiyejua. Mwenzako akichungulia kati ya vidole vyako, kwake namba imekuwa 1 au 0, na kwako ingali 0.5. Watu wawili, namba mbili, sarafu moja. Utakapoinua kiganja kitakachobadilika ni ujuzi wako, sarafu haitageuka.

Uwezekano mwingi wa maisha ya kila siku ni wa namna hii. Mtihani uliokwisha kusahihishwa lakini majibu hayajatoka, mtoto aliye tumboni ambaye hamjajua ni wa kike au wa kiume, bahasha iliyofungwa: katika yote hayo namba inaeleza kutojua kwetu, na jambo lenyewe limeshakaa mahali pake.

Ingekuwa dunia yote iko hivi, ningefunga makala hapa. Lakini vitu vidogo kabisa vina tabia nyingine.

Nukta moja moja

Mwaka 1989 watafiti wa Japani wakiongozwa na Akira Tonomura walichapisha picha ambazo ningependa kila anayezungumzia jambo hili azione kwanza. Walirusha elektroni moja moja kupitia kifaa kinachoziachia njia mbili, na mbele wakaweka skrini inayorekodi zinapotua. Elektroni ya kwanza: nukta moja nyeupe. Ya pili: nukta nyingine, mbali na ya kwanza. Zikifika kumi zimetapakaa kama punje zilizomwagika. Zikifika mia kadhaa bado huoni mpango wowote. Maelfu, na jicho linaanza kushuku kitu. Makumi ya maelfu, na mistari imesimama wazi: mweupe, mweusi, mweupe, mweusi.

Mistari ya namna hiyo hutokea mawimbi mawili yanapokutana. Yanapopanda pamoja yanaongezeana nguvu. Moja likipanda na jingine likishuka yanafutana. Lakini elektroni hizi zilipita moja moja, kila moja ikishatua kabla ya nyingine kufika. Ilikutana na nani njiani?

Hesabu ya kwanta hujibu kwamba kila elektroni husafiri kama wimbi linalopita njia zote mbili. Mwaka 1926 mwanafizikia Max Born alieleza wimbi hilo lina maana gani: chukua ukubwa wake mahali fulani, uuzidishe kwa wenyewe, utapata uwezekano wa kuikuta elektroni mahali hapo. Wimbi halisemi elektroni itatua wapi. Linasema tu penye nafasi kubwa na penye nafasi ndogo. Albert Einstein hakuridhika. Desemba mwaka huohuo alimwandikia Born kwamba yeye haamini kuwa Mungu anacheza kete.

Jambo la pili ndilo chanzo cha video ile. Ukiweka kifaa kinachoweza kutambua elektroni imepita njia ipi, mistari hutoweka na elektroni hutua kama punje za kawaida. Inaonekana kana kwamba zilijua zinatazamwa.

Huenda ukajiuliza, kama nilivyojiuliza mimi kwa miaka: labda elektroni nayo ni sarafu chini ya kiganja, ina jibu lake tayari ila sisi hatulijui? Swali hilo lilijibiwa kwa namna ambayo mpaka leo naistaajabia. Fikiria jozi ya viatu. Kimoja kimefungwa kwenye sanduku lako, kingine kwenye sanduku la mwenzako aliye mbali. Ukifungua ukakuta cha kushoto, papo hapo unajua mwenzako ana cha kulia. Hakuna ajabu, maana viatu vilikuwa hivyo tangu kufungwa. Mwaka 1964 mwanafizikia John Bell alionyesha kwamba chembe pacha, yaani mbili zilizotoka pamoja, zikibeba majibu yake tangu mwanzo kama viatu, na sanduku moja haliliathiri jingine, basi kulingana kwao kuna kikomo ambacho hakiwezi kuvukwa. Kikomo kikapimwa. Kikavukwa, tena na tena, katika majaribio ya John Clauser, ya Alain Aspect na ya Anton Zeilinger, ambao mwaka 2022 walipewa pamoja Tuzo ya Nobel ya fizikia. Anayetaka kuamini kwamba majibu yalikuwepo tangu mwanzo bado anaweza, kama David Bohm alivyofanya mwaka 1952, ila inambidi akubali kwamba chembe zilizo mbali zinaathiriana papo kwa papo.

Kwa hiyo yule mwenye sauti nzito hajabuni kila kitu. Uwezekano wa kwanta unaonekana kuwa na kina kuliko kutojua kwetu tu, na kupima kunabadilisha mambo. Kinachobaki ni kujua nani, au nini, kinapima.

Fahamu iliingiaje?

Iliingia kwa mlango wa heshima, na wasomi wakubwa ndio walioufungua. Kifaa kinachopima elektroni nacho kimeundwa kwa atomu, na atomu zinafuata sheria zilezile. Kama elektroni iko katika njia mbili kwa pamoja, basi hesabu inasema kifaa nacho kiko katika hali mbili, "imepita kushoto" na "imepita kulia". Jicho linalokisoma nalo vivyo hivyo, na mshipa wa fahamu nyuma ya jicho, na ubongo. Mnyororo unaishia wapi? Mwaka 1932 John von Neumann alionyesha kwamba kihesabu unaweza kuukata popote bila kubadilisha matokeo. Mwaka 1939 Fritz London na Edmond Bauer walipendekeza ukatwe kwenye fahamu ya mtazamaji, na mwaka 1961 Eugene Wigner akalitetea wazo hilo kwa nguvu: fahamu ndicho kitu pekee tusichoweza kukifikiria kikiwa katika hali mbili, basi pengine ndicho kinacholikunja wimbi, yaani kinachofanya uwezekano wote ubaki jibu moja.

Hiyo ilikuwa nadharia tete, na Wigner mwenyewe aliijua hivyo. Alijua pia inakoelekea: kama rafiki yangu yumo chumbani anapima na mimi niko nje, je, rafiki yangu yuko katika hali mbili mpaka mimi nifungue mlango? Wigner hakuweza kuimeza picha hiyo. Paka maarufu wa Erwin Schrödinger, aliye hai na amekufa kwa pamoja, alitokana na wasiwasi wa aina hiyo. Lilikuwa jaribio la kufikirika la mwaka 1935, lililotungwa kuonyesha kwamba ukifuata hesabu bila kujiuliza unafika mahali pasipokubalika. Leo paka huyo anasimuliwa kana kwamba kuna maabara iliyomfungia sandukuni.

Shahidi asiye na macho

Mwaka 1999 kundi la watafiti huko Vienna, wakiwemo Markus Arndt na Zeilinger, lilionyesha kwamba hata molekuli, yaani atomu zilizoshikana, ya atomu 60 za kaboni, ambayo kwa elektroni ni jitu, hupita kama wimbi na kuacha mistari. Kisha mwaka 2004 wakachukua molekuli za atomu 70 na kuzipasha moto kwa leza kabla hazijaingia kwenye mianya.

Kitu chenye moto hutoa mwanga. Chuma cha mhunzi kinatuonyesha hivyo. Molekuli iliyopashwa moto nayo hutoa chembe za mwanga ikiwa njiani, na kila chembe inabeba habari kidogo ya mahali ilikotokea. Watafiti walipandisha joto polepole. Molekuli zisizoongezwa moto: mistari safi. Za moto zaidi: mistari inafifia. Za moto sana: mistari imekwisha.

Hakuna aliyeukusanya mwanga ule. Hakukuwa na darubini ya kuupokea, wala mtu aliyeusoma baadaye kwenye daftari. Ulipotelea kwenye kuta za chombo. Lakini habari ya njia ilikuwa imeshavuja kutoka kwenye molekuli kwenda kwenye mazingira yake, na hilo lilitosha kufuta mistari. Kundi hilo lilikuwa limeonyesha jambo linalofanana kwa hewa: ukiacha gesi kidogo ndani ya chombo, kila molekuli ya gesi inayogonga inaondoka na habari, na mistari inafifia kadiri gesi inavyoongezeka. Gesi ikawa shahidi, na gesi haina fahamu.

Uvujaji huu huitwa dekohirensi. Dieter Zeh aliueleza mwaka 1970, Wojciech Zurek na wengine wakauendeleza, na Wigner, alipoona nguvu ya hoja hizo, aliacha msimamo wake wa mwaka 1961. Hilo la mwisho halimo kwenye video, na linaniuma, kwa sababu jina lake bado linatumika kutetea jambo alilokwisha kulitupa.

Sasa pima umbali. Molekuli ya atomu 70 lazima ifungiwe kwenye chombo kisicho na hewa, isipashwe moto kupita kiasi, isiguswe, ndipo mistari yake ionekane. Ikitoa mwanga wa kutosha kufichua njia yake, basi. Uvimbe wa shingoni, hata uwe mdogo kama punje ya harage, una atomu nyingi kupita hesabu ya kutamkika, uko kwenye joto la mwili, unapitiwa na damu, unagongwa na molekuli kila upande kila mara. Mazingira yake yameshaupima mara zisizohesabika kabla daktari hajaamka. Ni sarafu iliyokwisha kulala.

Usukani haupo

Kuna hoja nyingine ambayo kwangu ina uzito kuliko zote. Tuseme Wigner wa 1961 alikuwa sahihi. Tuseme kweli fahamu ndiyo inayolikunja wimbi. Bado hakuna mahali katika hesabu ile panaposema fahamu inachagua jibu. Kanuni ya Born inabaki palepale: kama uwezekano ni 0.7 kwa 0.3, mwenye furaha na mwenye huzuni, anayeomba na anayelaani, wote wakirudia jaribio mara elfu watapata karibu mara 700 na 300. Hata ukimpa mtazamaji kiti cha dereva, usukani haupo.

Kuna watu waliojaribu kuutafuta. Chuo Kikuu cha Princeton, Marekani, kilikuwa na maabara iliyofanya kazi kuanzia 1979 hadi 2007, ambako watu wa kawaida walikaa mbele ya mashine zinazotoa namba za bahati nasibu wakijaribu kuzivuta kwa nia zao. Watafiti wake walidai kuona msogeo mdogo mno, sehemu chache katika kila elfu kumi. Maabara mbili za Ujerumani ziliporudia jaribio hilo kwa kushirikiana nao, matokeo yaliyotolewa mwaka 2000 hayakuuthibitisha msogeo huo. Nami nawapa heshima kwa kupima kwa miaka mingi, maana wanaotengeneza video hawapimi chochote.

"Lakini nilimuwaza akapiga simu!" Nasikia hili kila mara, na wanaolisema ni wakweli. Fanya hesabu. Tuseme kwa siku unawaza watu kumi. Kwa mwaka ni mawazo 3,650. Tuseme nafasi ya mtu uliyemuwaza kukupigia ndani ya dakika chache ni 1 kwa 1,000. Basi kwa mwaka litakutokea mara tatu au nne bila nguvu yoyote ya siri, na mara hizo utazikumbuka na kuzisimulia. Zile 3,646 ulipowaza na simu ikanyamaza hazina hadithi, kwa hiyo hazihesabiwi. Ni kama vile watu 23 wakiwa chumbani uwezekano wa wawili kuzaliwa tarehe moja ni zaidi ya nusu: wengi hukataa mpaka waambiwe wahesabu jozi, ambazo ni 253.

Huenda umesikia pia kwamba ubongo wenyewe ni mashine ya kwanta. Roger Penrose na Stuart Hameroff wametetea wazo la namna hiyo tangu miaka ya 1990, ila linaelekea kinyume na video: kwao, kukunjika kwa wimbi ndiko kunakozaa fahamu, wala si fahamu inayolikunja wimbi. Mwaka 2000 Max Tegmark alikokotoa kwamba ndani ya ubongo, penye joto na unyevu, hali za kwanta huvuja kwa muda mfupi mno kuliko mapigo ya seli za neva. Mjadala haujafungwa, lakini haumpi mtu yeyote uwezo wa kuvuta mali kwa mawazo.

Na je, mawazo hayaugusi mwili kabisa? Yanaugusa, kwa njia za mwili wenyewe. Anayeamini amepewa dawa anaweza kuhisi maumivu yakipungua. Mwaka 1978 Jon Levine na wenzake walionyesha kwamba kitu kinachozuia dawa za jamii ya afyuni huweza pia kuzuia nafuu hiyo, dalili kwamba ubongo ulikuwa umetoa dawa yake. Hiyo ni kemia ndani ya kichwa kimoja. Haifiki kwenye matokeo ya bahati nasibu, na haiamui kilichomo ndani ya uvimbe.

Kuna jambo ambalo kweli halijulikani. Dekohirensi inaeleza kwa nini mistari hufutika, lakini haielezi kwa nini elektroni hii imetua hapa na si pale. Wafuasi wa Hugh Everett, kuanzia 1957, wanasema majibu yote hutokea, kila moja katika tawi lake la ulimwengu. Wengine wanasema wimbi hujikunja lenyewe mara kwa mara bila kuguswa. Wengine tena wanasema wimbi ni daftari la matarajio ya anayelitumia, karibu na ile nusu ya sarafu. Wanabishana hasa, na ningependa vijana wetu waingie kwenye ubishi huo kwa sababu ni mzuri. Lakini katika kambi zote hizo, kukwepa kipimo hakumponyi mtu.

Shangazi sikumweleza yote haya. Nilikaa naye mezani, nikarusha sarafu, nikaifunika kwa kiganja, nikamuuliza iko upande gani. Akasema hajui. Nikamuuliza kama nisipoinua mkono mpaka kesho itageuka. Akanyamaza kidogo. Kisha akanishika mkono na kuuinua mwenyewe, akaitazama sarafu, akaenda kufungua droo.